Dieudo Hamadi: Mtu Mmoja, Kazi Nyingi

Mwezi uliopita, hapa Jinja, niliangalia na vijana filamu ya Dieudo Hamadi, En route pour le milliard (2020). Tulikuwa kumi na wawili, kompyuta moja. Mmoja wetu, Mganda, alitoka Mbale.

Hamadi ni mtoto wa Kisangani. Alisoma udaktari kwanza, ndipo akaingia sinema. Hapa yeye ndiye mwongozaji, yeye anabeba kamera, na tena ni mmoja wa watayarishaji. Wengine watasema ni kukosa pesa. Mimi naona ndiyo njia yake: ukiwa na kamera yako tu, unalala botini pamoja na watu, mvua inawapiga wote.

Watu hao ni majeruhi wa vita vya siku sita, Juni 2000, majeshi ya Uganda na Rwanda yalipopigana ndani ya Kisangani. Wanashuka mto Kongo mpaka Kinshasa kudai fidia, wengine kwa magongo.

Sehemu za jukwaani, wanapoigiza, zilinichosha mwanzo: zinakata safari. Lakini ndipo wanasema wenyewe, bila kuomba huruma. Sisi wakimbizi tumezoea kupigwa picha tukinyamaza.

Mwishoni yule wa Mbale akauliza, "Kwani ni jeshi letu?" Nikamjibu ndiyo, na kwamba mwaka 2022 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliiamuru Uganda iilipe Kongo dola milioni 325. Akanyamaza. Halafu akasema turudishe nyuma, pale kwenye mvua. Tukaangalia tena.