Alidai, Alibainisha: Upendeleo Unavyojificha Ndani ya Kitenzi

Novemba 28, 2007, jijini Arusha, Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda ilisoma hukumu ya rufani ya wanaume watatu. Ferdinand Nahimana, mwanahistoria, na Jean-Bosco Barayagwiza, mwanasheria na mwanasiasa, walikuwa miongoni mwa waanzilishi wa redio RTLM. Hassan Ngeze alikuwa mhariri wa gazeti la Kangura. Desemba 3, 2003, Nahimana na Ngeze walihukumiwa kifungo cha maisha, na Barayagwiza miaka 35. Majaji wa rufani walifuta hatia ya kula njama kwa wote watatu, wakapunguza adhabu: Nahimana miaka 30, Ngeze 35, Barayagwiza 32. Hata hivyo, hakuna aliyeachiwa huru.

Kesi hii inajulikana kwa yale iliyosema kuhusu vyombo vya habari vilivyogeuka silaha katika mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi mwaka 1994. Kwa anayefundisha uandishi, ina faida nyingine: hukumu yenyewe ni zoezi gumu la kuripoti bila kuegemea upande.

Anza na kichwa cha habari. "Wachochezi wa kimbari wapunguziwa adhabu" ni kweli. "Rufani yabakiza hatia ya wachochezi wa kimbari" nacho ni kweli. Cha kwanza kinamfanya msomaji aone mahakama imelegea. Cha pili kinaficha kwamba sehemu ya hukumu ya 2003 ilianguka. Mwanafunzi anayeambiwa tu "usiwe na upendeleo" hatapata msaada wowote hapa, kwa kuwa hakuna uongo wa kuondoa. Anayeambiwa "aya ya kwanza ibebe kilichofutwa na kilichobaki" ana kazi ya kufanya: Mahakama imefuta baadhi ya hatia za waasisi wa RTLM na mhariri wa Kangura na kupunguza vifungo vyao, lakini imewabakiza gerezani kwa makosa mengine, yakiwemo ya uchochezi.

Hatua ya pili ni tarehe. Majaji wa rufani waliona kwamba yaliyothibitishwa kuchangia mauaji ni matangazo ya RTLM ya baada ya Aprili 6, 1994. Ya kabla ya hapo, ingawa yalijaa chuki, hayakuthibitishwa hivyo kwa kiwango cha sheria ya jinai. Mwandishi anayeandika kwamba "RTLM ilisababisha mauaji" akaishia hapo amesema zaidi ya majaji. Anayeandika kwamba "RTLM imesafishwa" amesema uongo. Tarehe moja tu inamwokoa na makosa yote mawili.

Hatua ya tatu ni majina. RTLM na Kangura ziliwaita Watutsi inyenzi, yaani mende, na kila sentensi iliyofuata ilikuwa imeshahukumu. Siku za kawaida jina la kuhukumu huja kwa upole zaidi: mtuhumiwa ambaye hajafikishwa mahakamani anaitwa "jambazi", mfugaji ambaye mpaka wa shamba bado unabishaniwa anaitwa "mvamizi". Mtuhumiwa, mshtakiwa na mfungwa ni ngazi tatu za mwenendo wa sheria, na mwandishi hana ruhusa ya kumpandisha mtu ngazi.

Hatua ya nne ndiyo inayowasumbua hata wazoefu: vitenzi vya kusema. Katika magazeti yetu, mkuu wa wilaya "hubainisha", "husisitiza" na "hufafanua". Mwanakijiji "hudai" na "hulalamika". Kudai kunatia shaka, kubainisha kunatia muhuri. Zoezi ni rahisi: chukua habari iliyokwisha kuchapwa na ubadilishane vitenzi, mkuu wa wilaya adai, mwanakijiji abainishe. Sentensi ikisikika kama kituko, upendeleo ulikuwamo tangu mwanzo, ila tulikuwa tumeuzoea. Kisha weka "alisema" kwa wote wawili.

Hatua ya tano, kueleza kitendo na mtendaji, inafundishika vizuri zaidi chini ya Mlima Meru. Mwishoni mwa 1951 serikali ya Uingereza iliwaondoa Wameru Engare Nanyuki ili ardhi yao iwe ya walowezi wa mifugo, na 1952 Kirilo Japhet akafikisha malalamiko yao Umoja wa Mataifa, New York. Walihamishwa au walifukuzwa? Neno la kwanza ni la serikali, la pili ni la walioondolewa. Mwandishi asichague haraka. Aeleze kitendo pamoja na mtendaji. Nani alitoa amri, nani alichoma nyumba, watu walitakiwa waende wapi. "Nyumba ziliteketezwa" ni sentensi isiyo na mtu. Msomaji akiona kitendo chote, jina atalipata mwenyewe.

Hapo ndipo wengi hukosea kwa kuvuka mpaka: wakishajua mizania, wanagawa aya sawasawa kwa kila upande kama anayegawa mafungu ya viazi sokoni. Mahakama hiyohiyo ya Arusha ilitoa jibu. Juni 16, 2006, katika kesi ya Karemera na wenzake, majaji wa rufani walisema kutokea kwa mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi mwaka 1994 ni jambo linalojulikana wazi, lisilohitaji kuthibitishwa tena kwa ushahidi. Washtakiwa waliendelea kuwa na haki ya kujitetea, lakini kwa yale yaliyowahusu wao.

Kwa hiyo kabla ya kuhesabu pande zilizopewa nafasi, mwanafunzi aulizwe kwanza: ni lipi hapa bado linabishaniwa? Siku ile ya Novemba 2007 kilichobishaniwa kilikuwa nani alifanya nini, lini, na kwa hatia ipi. Kuhusu ukweli kwamba watu waliuawa, hakukuwa na upande wa pili wa kutafutiwa msemaji.