Andrée Blouin: Uso Wake, Sauti ya Mwingine

Katika filamu ya Johan Grimonprez, Soundtrack to a Coup d'Etat (2024), wakubwa wamejaa: Lumumba, Khrushchev, Eisenhower, Nkrumah, hata Louis Armstrong na tarumbeta yake. Mimi nilimfuata mwanamke mmoja ambaye vitabu tulivyosoma shuleni havikumtaja.

Andrée Blouin alizaliwa mwaka 1921 Ubangi-Shari, leo Jamhuri ya Afrika ya Kati, kwa mama Mwafrika na baba Mfaransa. Akiwa na miaka mitatu alipelekwa Brazzaville, kwenye kituo cha masista cha mabinti chotara. Baadaye mwanawe René alikufa kwa malaria akiwa na miaka miwili, baada ya wakoloni kumnyima kwinini kwa sababu ya damu yake ya Kiafrika. Kifo hicho kilimsukuma kwenye siasa. Mwaka 1960 alizunguka Kongo akiwaandikisha wanawake katika harakati za uhuru, kisha akawa mkuu wa itifaki katika serikali ya Lumumba. Magazeti ya Magharibi yakamchora kama hawara wa viongozi na wakala wa Wakomunisti.

Katika picha za habari za zamani, mwanamke aliyesimama kando ya wanaume huonekana kama pambo. Grimonprez anakataa hilo. Anampa jina, anampa maneno kutoka kitabu cha maisha yake, My Country, Africa (1983), na anaandika vyanzo vyake kwenye skrini kama mwanafunzi anayetetea tasnifu. Mtazamaji anaelewa kwamba yule mama hakusimama pale kupendezesha picha, alikuwa kazini. Hiyo ndiyo nguvu kubwa ya filamu hii.

Hata hivyo, lipo linalonikera. Maneno ya Blouin yanasomwa na Marie Daulne wa kundi la Zap Mama, mzaliwa wa Isiro, Kongo. Anasoma vizuri, kwa utulivu. Lakini kitabu chenyewe kiliandikwa kwa mkono wa Jean MacKellar, na Blouin hakuridhika nacho. Kati ya mdomo wake na masikio yetu wamesimama watu wawili. Namba ya ukurasa hutuonyesha maneno yalikotoka. Haituonyeshi yamepita mikononi mwa nani.

Nalisema hili kwa sababu kizazi chetu kinajifunza historia kwa vipande vya video. Tukiona uso na kusikia sauti, tunaamini tumemfahamu mtu. Blouin alifariki Paris mwaka 1986, na hawezi kutusahihisha.

Itazameni filamu, kisha tafuteni kitabu. Na mkimwona Blouin kwenye skrini, wakumbukeni wale wanawake aliowaandikisha vijijini. Wao hawana kitabu, na wengi wao kamera haikuwafikia kabisa.