Namna ya Kupima Ubora wa Kikundi cha Intore

Intore ni ngoma ya kikundi ya wasemaji wa Kinyarwanda. Huchezwa Rwanda na pia Masisi, Kivu ya Kaskazini nchini Kongo, ambako utawala wa Kibelgiji ulihamishia familia nyingi kutoka Rwanda kati ya 1937 na 1955. Wanaume hufunga njuga miguuni, huvaa kichwani umugara, yaani singa ndefu nyeupe zinazoning'inia mgongoni, na hushika mkuki na ngao ndogo. Kikundi hupimwa kwanza kikiwa kitu kimoja, ndipo aangaliwe mchezaji mmoja mmoja.

Sikio hutangulia jicho. Wanaporuka na kutua, njuga zote hulia mara moja na kunyamaza mara moja. Zikilia kwa kufuatana, mazoezi hayakutosha, hata mavazi yakipendeza vipi.

Kipimo cha pili ni shingo. Umugara huzungushwa kwa nguvu ya shingo huku mabega yametulia. Anayeyumbisha kiwiliwili chote ili singa ziruke bado hajaiva.

Kwa wanawake wa kikundi, macho huelekea mikononi. Mikono iliyoinuliwa huiga pembe za ng'ombe wa inyambo, wenye pembe ndefu, kwa hiyo viwiko havishuki na vidole havilegei, hata wimbo ukiwa mrefu. Wepesi wa hatua ni bora kuliko kasi.

Hatimaye huangaliwa mistari. Kikundi hodari hubadilisha safu bila mtu kumtafuta jirani yake kwa macho, na aliyekosea hurudi kwenye mdundo kabla hajaonekana.

Shindano la televisheni hufundisha umuhimu wa ulinganifu huo na pia huuficha. Katika Dallas Cowboys Cheerleaders: Making the Team, kipindi cha kuteua wachezaji washangiliaji wa timu ya Dallas Cowboys kilichorushwa Marekani kuanzia 2006 hadi 2021, mkurugenzi Kelli Finglass na mwalimu wa miondoko Judy Trammell walikuwa wakiwaondoa wasichana hodari ambao hawakulingana na wenzao. Lakini kamera hufuata uso mmoja na machozi yake, na mtazamaji huishia kumpenda mtu badala ya kupima safu. Video za simu za intore zina kasoro hiyohiyo: ubora haujulikani mpaka kikundi chote kionekane, kuanzia miguu.

Kipimo hiki hakifai kila ngoma. Huko Walikale, pia Kivu ya Kaskazini, kwa Wanyanga, msimulizi wa utenzi wa Mwindo huimba, husimulia na kucheza peke yake, vijana wakimpigia mdundo. Candi Rureke, ambaye masimulizi yake yalichapishwa mwaka 1969 na Daniel Biebuyck na Kahombo Mateene, alikuwa mmoja wa wasimulizi hao. Msimulizi wa namna hiyo hupimwa kwa kumbukumbu, sauti na uhai wa mwili wake. Kikundi cha intore hupimwa kwa ulinganifu, na mwamuzi asimpe ushindi mchezaji mmoja anayeng'ara katika safu iliyovunjika.