Beso ni Busu, Sio Cheti cha Ndoa

Kihispania sijui. Nina maneno machache tu niliyookota kwenye nyimbo, na mojawapo ni beso, ambalo halikunisumbua kwa sababu sikioni linakaribiana kabisa na busu letu. "Beso" ndio wimbo ulionikosanisha na mtu niliyempenda. Hadi leo naona nilikuwa upande wa haki, ila siku ile sikujua kujitetea. Wacha nijaribu hapa.

Kama stori ilikupita: Rosalía anatoka Catalonia, Uhispania, na Rauw Alejandro ni wa San Juan, Puerto Rico. Walikuwa wapenzi na mashabiki wote walijua. Tarehe 24 Machi 2023 walitoa RR, mkusanyiko wa nyimbo tatu: "Beso", "Vampiros" na "Promesa", yaani ahadi. Video ya "Beso" imeshonwa kwa vipande vya maisha yao wenyewe, kama vile sisi wote tunavyojirekodi na simu, halafu mwishoni Rosalía anaonyesha pete ya uchumba huku machozi yakimtoka. Sisi wawili tulikuwa tumebanana kwenye kitanda cha hosteli, simu moja, bando la kukopa. Tulilia nao. Julai ya mwaka huo huo, uchumba ukawa umevunjika.

"Kumbe walikuwa wanatudanganya," mwenzangu akasema, akaufuta wimbo kwenye simu yake. Nikamwambia wimbo haujadanganya mtu. Akaniuliza, "Sasa nani amedanganya?" Nikanyamaza, na si unajua mtu akinyamaza kwenye ubishi kama huo anahesabika ameshindwa.

Usikilize bila picha. Mdundo ni dembow, uti wa mgongo wa reggaeton, uliopata jina kutoka kwa wimbo wa Mjamaika Shabba Ranks wa mwanzoni mwa miaka ya 1990. Ndiyo maana sikio la Nairobi lililolelewa na dancehall ya matatu halihitaji mkalimani. Lakini hapa mdundo umepunguzwa makali. Haukurushi ukumbini, unakuyumbisha tu ukiwa umesimama. Juu yake sauti mbili zinapokezana: ya Rosalía nyembamba, yenye mtetemo wa flamenco aliousomea, na ya Rauw laini, karibu na kunong'ona. Na wanasema nini? Wanaomba busu jingine. Wanaulalamikia umbali. Ni wimbo wa watu wawili mlangoni, mmoja ameshika begi, na hakuna anayetaka kuwa wa kwanza kusema kwaheri. Ni ombi, basi. Aliyekuomba maji Jumatatu hawi mwongo kwa sababu Alhamisi hana kiu.

Video ndiyo iliyoleta kesi. Ilichukua ombi ikalifanya tangazo. Hapa naongea kama mtu wa kazi: tangu niache chuo mwaka wa tatu, karo ikiwa imenishinda, naishi kwa kuandikia watu, na baadhi ya wateja wangu ni wachumba wanaotaka maneno matamu ya kuweka chini ya picha zao. Nimegundua kitu. Anayenilipa hajali sana kama mpenzi wake atayasoma. Anajali kama sisi wengine tutayasoma. Sio dhambi, na mimi ndio napata ya unga. Lakini ukishaita mashahidi, siku moja watarudi kukuuliza harusi iliishia wapi.

Rosalía na Rauw hawakuwa wa kwanza. Januari 2019 Anuel AA na Karol G walitoa "Secreto", neno linalomaanisha siri, kuhusu mapenzi yao wenyewe, na video ikaianika siri yote. Kufikia 2021 walikuwa wameachana. Sasa wapo wanaoufungua wimbo huo kama faili la kesi, kutafuta ni wapi mambo yalianza kuharibika.

Ukweli usemwe, "Beso" ina kasoro, na sio ile ya mwenzangu. Shuleni tulikuzwa na ngonjera: mmoja anadai, mwingine anapinga, hadi wanapatana. Hapa hakuna anayempinga mwenzake. Mpe Rauw mistari ya Rosalía na Rosalía mistari ya Rauw, wimbo hautajua. Na huyu ni Rosalía yule yule wa El Mal Querer, albamu ya 2018 iliyokuwa mradi wake wa kuhitimu chuo cha muziki, iliyojengwa juu ya kisa cha karne ya 13 cha mume mwenye wivu anayemfungia mkewe. (Mradi wangu mimi haukufika hata kupata kichwa.) Mapenzi yakichacha anayajua vizuri sana. Kwenye "Beso" ujuzi huo wote aliuacha nje. Zamani nilidhani ni uvivu. Sasa nadhani alikuwa na furaha tu, na mwenye furaha haoni cha kupinga. Wimbo unapungua uzito kwa sababu hiyo, lakini ninauamini kwa sababu hiyo hiyo.

Basi jibu nililolikosa ni hili: hakuna aliyedanganya. Walisema walichokitaka siku walipokitaka. Kosa lao, kama lipo, ni kutukabidhi pete tuwashikie, na sisi tukakubali kana kwamba ni yetu.

Mimi na yule mwenzangu pia tuliachana, bila pete na bila video. Sitakubali mtu aniambie zile jioni za hosteli zilikuwa uongo. Juzi "Beso" ilijipiga yenyewe kwenye simu nikiwa kwenye foleni ya matatu. Nikaiacha hadi mwisho. Video sijaifungua tena.