Mpira wa Mguu katika Tanga ya Ukoloni: Swali kwa Wahakiki

Wahakiki wa Kiswahili wamekuwa wakarimu kwa utenzi, wakarimu kwa riwaya, na katika miaka ya karibuni wamekuwa wakarimu hata kwa maandishi ya khanga na yale ya nyuma ya magari. Mpira wa mguu hawajaukaribisha. Huuacha katika kurasa za mwisho za gazeti, ambako husomwa kwa haraka, kisha gazeti likafungiwa maandazi. Nathubutu kusema kuwa ubahili huu umetugharimu. Tukitaka kujua jinsi Mwafrika wa pwani ya kaskazini alivyojiona na alivyojiita katika zama alizotengwa kwa ajili ya rangi yake, sehemu kubwa ya ushahidi haimo katika tenzi. Imo katika vilabu vya mpira, na hasa katika maneno yaliyovizunguka, yaani majina, lakabu, utani na masimulizi. Kupima maneno ndiyo kazi ya mhakiki. Basi hana udhuru wa kusema kwamba jambo hili ni la wanamichezo peke yao.

Ili uzito wake uonekane, yafaa tutazame kwanza nchi ambayo kazi ya namna hii imekwisha kufanywa. Katika Marekani, mchezo uliokuwa fahari ya taifa ni besiboli, na tangu mwisho wa karne ya kumi na tisa wachezaji weusi walifungiwa mlango wa ligi kubwa. Hapakuwa na sheria ya serikali iliyowakataza. Palikuwa na mapatano ya wenye timu, nayo yalitosha. Weusi wakaunda timu zao wenyewe. Mojawapo ya zile za mwanzo, iliyoundwa mwaka 1885, ilijiita Cuban Giants, hali wachezaji wake hawakuwa watu wa Cuba. Jina lilikuwa vazi la kupitia mlango uliofungwa. Baadaye zikaja New York Black Yankees na Birmingham Black Barons, majina yaliyochukua jina la timu ya weupe na kulitangulizia neno la weusi bila ya kuomba radhi. Mwaka 1920 Rube Foster aliwakutanisha wenye timu mjini Kansas City, nao wakaunda ligi yao. Tarehe 15 Aprili 1947 Jackie Robinson aliingia uwanjani katika sare ya Brooklyn Dodgers, na ukuta ukaanza kubomoka. Josh Gibson, ambaye wengi walimhesabu kuwa mpigaji mkuu kuliko wote, alikuwa amefariki mwezi wa Januari mwaka ule ule, pasipo kuitwa.

Lakini habari inayotuhusu sisi ilitokea baadaye sana. Mwezi wa Desemba 2020 wakuu wa besiboli ya Marekani walikiri kuwa ligi za weusi za tangu 1920 hadi 1948 zilikuwa ligi kubwa sawa na nyingine, na mwaka 2024 hesabu zake zikaingizwa katika daftari moja na za wengine. Ndipo Gibson, miaka 77 baada ya kufa kwake, aliposimama juu ya orodha ya wapigaji wa nyakati zote kwa wastani wa .372, akimpita Ty Cobb aliyekikalia kiti hicho kwa miaka mingi. Je, hesabu hizo zilipatikana wapi? Zilipatikana katika magazeti ya weusi wenyewe, kama Pittsburgh Courier na Chicago Defender, ambayo juma baada ya juma yalichapa nani kapiga na nani kakosa. Robert Peterson alipotoa kitabu chake *Only the Ball Was White* mwaka 1970, alifukua magazeti na kuwauliza wazee waliokuwa hai, na waliomfuata wakaendelea kufukua. Haki ya Gibson iliwezekana kwa sababu karani mmoja wa gazeti, ambaye jina lake hatulijui, alikuwa na bidii ya kuandika.

Na turudi Tanga. Mji ule chini ya Waingereza uligawanywa kwa rangi pasipo kuficha. Wazungu walikaa Ras Kazone na kando ya bahari, maduka na nyumba za Wahindi zilikuwa katikati, na Waafrika walikuwa Ngamiani, ng'ambo ya reli, katika barabara ambazo hazikupewa majina ila nambari. Shule zilikuwa za rangi, hospitali zilikuwa za madaraja, na vilabu vya starehe vilikuwa na milango ambayo Mwafrika aliingia kwa kubeba sinia. Hapo ndipo mpira wa mguu ulipokuwa mchezo wa Ngamiani. Lakini hatuna Courier yetu. Tulikuwa na *Mambo Leo*, gazeti la serikali lililoanza mwaka 1923, ambalo lilipokea mashairi, barua na habari za miji. Lakini gazeti la mwezi haliwezi kuwa daftari la mabao, na la serikali haliwezi kuwa kinywa cha waliotengwa na serikali hiyo hiyo. Kwa hiyo mhakiki anayetafuta takwimu Ngamiani atarudi mikono mitupu. Anayetafuta maneno hatarudi hivyo.

Neno la kwanza ninalotaka tulipime ni lile la "African". Mwaka 1922, mjini Tanga, Martin Kayamba na wenzake waliunda chama cha watumishi wa serikali, nao wakakiita kwa Kiingereza Tanganyika Territory African Civil Services Association. Kayamba alikuwa Mbondei, mzaliwa wa Mbweni, Unguja, mwaka 1891, aliyesoma katika chuo cha misheni cha Kiungani. Baadaye akawa karani mkuu wa ofisi ya wilaya ya Tanga. Chama chake kiliwaweka Waislamu na Wakristo katika chumba kimoja, jambo ambalo skuli na misheni hazikuliweza, nacho pamoja na mambo ya kazi kilikuwa mahali pa kukutania, kusoma na kuburudika. Na tukumbuke kwamba katika lugha ya sheria za wakati ule mtu huyu aliitwa "native", neno linalomfunga mtu kwenye kijiji chake na kabila lake. Makarani wa Tanga walilikataa kimyakimya kwa kuchagua jingine. Klabu ya Ngamiani iliyojiita African Sports, kama ile ya Dar es Salaam iliyojiita Young Africans mwaka 1935, ilitia jina hilo katika vinywa vya watu ambao hawakuwa makarani wala hawakuwa na haja ya chama cha makarani. Mchukuzi wa bandarini aliyepiga kelele ugani siku ya Jumapili alikuwa akijiita Mwafrika kwa sauti kubwa, mbele ya mkuu wa wilaya, na hakuna aliyeweza kumshitaki kwa kushangilia timu.

Sisemi kwamba waasisi walikaa wakapanga siasa. Watu walitaka kucheza. Lakini jina hufanya kazi hata mwenyewe akilala.

Mwaka 1948 ikaja Coastal Union, na hapa mambo yanakuwa matamu zaidi kwa mwanafunzi wa lugha. Jina la kitabuni ni la Kiingereza, nalo lasema umoja wa watu wa pwani. Lakabu yake, inayotumika mpaka leo, ni Wagosi wa Kaya. Mgosi ni mwanamume, na kaya ni nyumbani, kwa Kishambaa na Kibondei. Basi klabu ya mji wa Waswahili, yenye jina la Kiingereza, hujisifu kwa lugha ya milima ya Usambara na mabonde ya Muheza! Msomaji asipite hapa kwa haraka. Tanga ya ukoloni ilikuwa mji wa mkonge na bandari. Ndani yake walikutana Wadigo na Wasegeju wenye pwani, Wabondei, Washambaa na Wazigua walioteremka, na manamba walioletwa kutoka mbali kufanya kazi mashambani. Serikali iliwahesabu kila mmoja kwa kabila lake. Lakabu ilifanya kinyume: ilichukua neno la kabila na kulifanya mali ya yeyote aliyeipenda timu. Mpenzi wa Coastal aliyezaliwa Ujiji ni mgosi wa kaya, wala hakuna amwulizaye nasaba. African Sports nao ni Wana Kimanumanu, na utani wa pande hizi mbili ni fasihi nzima ambayo haijakusanywa.

Sura hii ya watu wa mji kugawanyika pande mbili haikuja na mpira. Terence Ranger, katika kitabu chake cha mwaka 1975 juu ya ngoma ya beni, ameonyesha jinsi Marini na Arinoti walivyoshindana katika miji ya pwani na bara, kwa mavazi, vyeo na nyimbo. Tanga iliyajua hayo, na katika taarab yake ya baada ya uhuru ikawa na Black Star na Lucky Star wakijibizana kwa mafumbo. Lugha yenyewe inashuhudia. Refa, goli na penalti ni maneno ya mkopo, na mkopo si aibu. Lakini timu zisiposhindana twasema zimetoka sare, na sare ndiyo ile nguo ya namna moja inayovaliwa na watu wa chama kimoja siku ya ngoma. Neno la mchezo wa kigeni limefuma nyuzi zake katika kanga ya zamani.

Kwa ajili hiyo siwezi kuridhika na masimulizi mawili ambayo wanafunzi wangu huniletea kila mwaka. La kwanza lasema mpira ni zawadi ya wamisheni na watu wa simu. Ni kweli kwamba katika Unguja walimu wa Kiungani na Waingereza wa kampuni ya simu walikuwa miongoni mwa wa mwanzo kuucheza, na kwamba vijana wa Bonde waliosoma huko walirudi kwao wakiwa wanaujua. Lakini aliyekupa chungu hakukupikia wali. La pili, ambalo ni la kisasa na linapendeza zaidi, lasema kila bao lilikuwa risasi dhidi ya mkoloni. Hili nalo ni uvivu. Laura Fair, ambaye utafiti wake juu ya mpira wa Unguja ni bora kuliko wowote niujuao, ameonyesha kwamba uwanjani watu walishughulika na mtaa, heshima na ushindani wao wenyewe pamoja na kushughulika na mtawala. Kasoro si yake kwamba kitabu chake ni cha Kiingereza. Ni yetu, kwa kuwa mwanafunzi wa Tanga husoma habari za babu zake kwa lugha ambayo babu hakuicheza.

Kuna simulizi la tatu, lililoingia pamoja na filamu za Marekani: kumtafuta Robinson wetu, yule mmoja aliyevuka mstari. Hapa mfano wa Marekani unatupoteza. Huko weusi walikuwa wachache waliotengwa na mchezo wa taifa. Mmoja alipoitwa, wengine wakamfuata, na ligi zao wenyewe zikafifia na kufa, zikaacha wenye timu na makarani wake bila ya kazi. Katika Tanganyika hakuna aliyeitwa kutoka Ngamiani, kwa sababu hapakuwa na mahali pa maana pa kumwita. Ilipoingia katika Kombe la Gossage mwaka 1945, kombe lililotolewa na watengeneza sabuni wa Uingereza, Tanganyika iliwakilishwa na Waafrika, nao walilitwaa mfululizo mwaka 1949, 1950 na 1951, miaka kumi kabla ya nchi kuwa na bendera yake. Vilabu vya waliotengwa havikumezwa na ligi ya taifa. Vyenyewe ndivyo vilivyokuwa ligi ya taifa. Coastal Union ilikuwa bingwa wa nchi mwaka 1988 kwa jina lile lile la 1948. Hadithi ya namna hii haina shujaa mmoja, na yamkini ndiyo sababu kalamu zetu zimeikwepa, maana tumezoea kuandika wasifu wa mtu na hatujajua kuandika wasifu wa mtaa.

Hata hivyo, tunacho kielelezo, nacho kimetoka Tanga. Shaaban Robert, mzaliwa wa Vibambani mwaka 1909, karani wa serikali kama Kayamba, aliandika katika miaka ya 1950 wasifu wa Siti binti Saad, mwanamke wa Fumba aliyetoka katika unyonge akawa sauti ya pwani nzima. Ulinganishe wasifu huo na maandishi ya Kayamba mwenyewe, yaani habari za maisha yake alizoziandika kwa Kiingereza katika mkusanyo wa Margery Perham wa mwaka 1936, na kitabu chake cha safari ya Uingereza kilichotoka mwaka 1932. Kayamba ni shahidi mwaminifu, ila kalamu yake ni ya ofisini. Huhesabu vyeo, tarehe na wakubwa aliowaona. Shaaban Robert alithubutu zaidi, kwa kuwa alimchukua mwimbaji, ambaye waungwana wengi wa zama zake wangalimsikiliza usiku na kumsema mchana, akamstahilisha lugha ile ile aliyoitumia kwa maadili na utu. Mlango ulifunguliwa hapo, na mcheza mpira wa peku wa Ngamiani hana daraja iliyo chini ya mwimbaji.

Kazi yenyewe ni ya kuchosha. Mwanafunzi atakayeitaka aanze na habari za miji katika *Mambo Leo*, ukurasa kwa ukurasa, akiandika kila jina la timu na tahajia yake. Kisha aende Ngamiani, barabara moja baada ya nyingine, akaulize lakabu kabla ya kuuliza mabao. Wazee waliouona mpira wa mwaka 1948 kwa akili ya utu uzima hawapo tena, ila wapo waliobebwa mabegani kwenda kuutazama. Na akisikia neno Kimanumanu, asikubali maana ya kwanza atakayopewa.