Pongezi kwa mwongozaji aliyeingia ndani ya filamu yake

Philippa Ndisi-Herrmann wa Kenya alikwenda Lamu kutengeneza filamu kuhusu bandari mpya. Ujenzi wake ulizinduliwa mwaka 2012, na kisa kilikuwa wazi: wavuvi, mikoko, ardhi, na ahadi nyingi za serikali. Lakini alipokuwa akirekodi, kisiwa nacho kilimgeuza. Akasilimu. Wengi wangelificha jambo hilo nyuma ya kamera. Yeye alilifanya kuwa moyo wa filamu, New Moon, akatusimulia kwa sauti yake mwenyewe na kujionyesha. Mwaka 2018 ikashinda tuzo ya filamu bora ya hali halisi katika tamasha la Durban.

Nampongeza kwa ujasiri huo, maana mtazamaji akimwona msimulizi hupata nafasi ya kumpima, na si kila msanii anakubali kupimwa. Mwongozaji Akuol de Mabior naye, katika No Simple Way Home ya mwaka 2022, anamfuata mama yake, Rebecca Nyandeng, aliyekuwa mmoja wa makamu wa rais wa Sudan Kusini wakati huo, wala kamera haimwondolei Akuol ubinti wake.

Visa vya namna hii tunavyo hata sisi: hapa Mafinga, wilayani Mufindi, Tanzania, malori ya mbao za msitu wa Sao Hill hupita mchana kutwa, na wapiga picha za harusi wana kamera nzuri kabisa. Natamani binti wa Mufindi, aliyesomeshwa kwa fedha za misindano ya babu yake, atengeneze filamu ya miti hiyo, naye aonekane ndani yake akimuuliza babu aliuza kila mti kwa bei gani, na nani aliipanga.