Ciza: Kamusi Inapoishia Nusu ya Njia

Mtoto anayezaliwa Lemera, nchini Kongo, kwenye milima ya Bafuliiru juu ya bonde la Ruzizi, anaweza kupewa jina la Kifuliiru, Kivira, Kishi, Kirundi au Kiswahili. Lugha hizi zina mizizi ya pamoja, na sikio peke yake haliwezi kuzitenganisha. Orodha za majina, hata hivyo, humpa mzazi lugha moja na maana moja, basi. Kwa maoni yangu, kamusi haitoshi kuthibitisha maana ya jina. Lazima tutazame pia jina hilo limekaa wapi kati ya majina ya ndugu wa mtoto.

Chukua Ciza, ambalo wengine huliandika Chiza. Kamusi ya Kirundi itakuonyesha kivumishi chenye maana ya -zuri, na mchunguzi mwenye haraka atafunga daftari hapo. Lakini katika desturi ya Burundi, ng'ambo ya mto Ruzizi, pacha wa kwanza huitwa Bukuru na wa pili Butoyi, kisha anayezaliwa baada yao ndiye Ciza. Neno linasema uzuri. Jina linasema mfuatano wa uzazi. Kwa Bashi, wasemaji wa Kishi, pacha huitwa Cikuru na Cito, na mizizi ni ileile, -kuru na -to, tunayoisikia katika mkuu na mtoto wa Kiswahili. Ushahidi wa namna hii una nguvu kwa sababu majina yanashikana. Ndivyo ilivyo pia kwa Nyandwi, Minani, Nyabenda na Bucumi: yapange kando ya hesabu ya Kirundi, indwi, umunani, icenda, icumi, nawe utapata mtoto wa saba hadi wa kumi. Jina moja kufanana na namba huenda ikawa sadfa. Manne yakifuatana kwa utaratibu, sadfa imekwisha.

Atakuja mtu aseme: wazee wapo, waulizwe wao. Waulizwe, tena kwanza, maana desturi wanaijua kuliko kitabu chochote. Ila mzee anayejua kwa nini mtoto anaitwa Bahati si lazima ajue kwamba neno hilo lilitoka Kiajemi likapitia Kiarabu kabla ya kufika kwetu. Hayo ni maswali mawili, na kila moja lina shahidi wake.

Pingamizi zito zaidi ni hili: jina lina maana anayoikusudia mzazi. Kweli, Minani wa leo anaweza kuwa kifungua mimba aliyerithi jina la babu. Hilo halifuti maana ya nane. Linaonyesha tu kwamba historia ya jina na sababu ya kumpa mtoto huyu jina hilo ni mambo mawili. Kuyachanganya kuna madhara, kwani Sheria ya Familia ya Kongo ya tarehe 1 Agosti 1987 inataka majina yatoke katika urithi wa utamaduni wa nchi na inakataza majina ya matusi au ya kudhalilisha. Karani wa etasivili, yaani usajili wa raia, atapimaje hayo kwa kubahatisha maana? Afadhali maelezo ya jina yaandikwe hivi: «Minani, Kirundi, mtoto wa nane, huyu ni wa kwanza, amerithi kwa babu mzaa baba.»